LPL kwenye seramu ya panya: ELISA inahesabu nini hasa

Swali: "Shikamoo dokta. Nina panya wakubwa wa maabara (rat), nusu wamekula chakula chenye mafuta mengi wiki 12 na nusu wamekula chakula cha kawaida. Nimepima lipesi ya lipoproteini, LPL, kwenye seramu (maji yanayobaki damu ikishaganda) kwa ELISA, kipimo cha kuhesabu protini kwa kutumia kingamwili, seti yangu ya kipimo (kit) inasoma kuanzia 0.78 mpaka 50 ng/mL. Makundi mawili hayajatofautiana kabisa. Halafu kuna kitu kinanichanganya, sampuli ileile nikiizimua mara 2 napata 36, nikiizimua mara 10 napata 90. Seti ni mbovu? Na naweza kuandika kwamba chakula cha mafuta hakibadilishi LPL?"

Marahaba ndugu yangu. Hicho ulichokiona kinawapata watu wengi wanaopima LPL na wengi wao hata hawaulizi, wanachagua namba inayopendeza wanasonga mbele, kwa hiyo umefanya vizuri kusimama. Jibu fupi: ubovu wa seti haujathibitika, 90 inaelekea kuwa karibu na ukweli kuliko 36 ila bado inabidi uithibitishe, na hapana, usiandike kwamba mafuta hayabadilishi LPL, kwa sababu ulichopima na ulichotaka kujua ni vitu viwili. Hilo la mwisho ndo zito, naanza nalo, maana hata ukirekebisha mambo yote ya maabara ukapata namba safi kabisa bado litakusubiri palepale.

LPL ni enzaimu, na kazi yake ni kuvunja trigliseridi, yaani mafuta, zinazobebwa na kailomikroni na VLDL, ambazo ni lipoproteini, vifurushi vya mafuta na protini kwenye damu, ili asidi za mafuta ziingie kwenye tishu, zikachomwe kwenye moyo na misuli au zikahifadhiwe kwenye seli za mafuta. Sasa kazi hiyo haifanywi na enzaimu inayoelea kwenye damu. Enzaimu inatengenezwa na seli za mafuta, za moyo, za misuli, na za titi wakati wa kunyonyesha, inatoka nje ya seli, halafu protini inayoitwa GPIHBP1 inaidaka na kuivusha mpaka upande wa ndani wa kapilari, na hapo inabaki imeshikiliwa ukutani ikingoja mafuta yapite. LPL inayofanya kazi iko pale ukutani. Ile ya kwenye damu ni kidogo, na sehemu yake kubwa imeshachomoka na kupoteza uwezo, iko njiani kwenda kuondolewa na ini. Ukichukua seramu ya kawaida unapima hiyo.

Hili halikuanza kujulikana leo. Mwaka 1943 Paul Hahn aliwapa heparini, dawa ya kuzuia damu kuganda, mbwa ambao plazma yao (maji ya damu ambayo haijaganda) ilikuwa imejaa mafuta ya chakula hadi imekuwa nyeupe, na plazma ikasafika. Mwaka 1955 Edward Korn ndo akaipa enzaimu jina tunalotumia mpaka sasa. Kinachotokea ni kwamba heparini inaing'oa LPL pale ukutani na kuimwaga kwenye damu, na ndo maana wanaoisoma enzaimu hii kwa makini wanatoa damu baada ya kumchoma mnyama heparini kwenye mshipa. Plazma kabla ya heparini na plazma baada ya heparini zinajibu maswali tofauti, na kwenye maandishi yako usiziite kwa jina moja.

Kwa hiyo inawezekana kabisa panya wako wa mafuta wana LPL nyingi zaidi kwenye tishu ya mafuta na pungufu kwenye misuli, na seramu isionyeshe chochote, kwa sababu seramu inakusanya mabaki kutoka tishu zote kwa pamoja, na kwa enzaimu hii tishu hazipandi na kushuka kwa pamoja. Mnyama akifunga kula, LPL ya kwenye tishu ya mafuta inashuka kazi, ya kwenye moyo inapanda. Akishiba na insulini ikapanda, ya kwenye mafuta inarudi juu. Ukizichanganya zote kwenye chombo kimoja unaweza ukapata sifuri iliyotokana na kujumlisha na kutoa.

Kuna ngazi ya pili ya tatizo hilohilo. ELISA yako inahesabu protini, haihesabu kazi. Kingamwili mbili zinashika molekuli ya LPL, moja chini na nyingine juu, rangi inatoka, basi. Kama hiyo molekuli imekufa au iko hai kingamwili nyingi hazijali. Kuhesabu wafanyakazi waliosaini daftari asubuhi hakukwambii wangapi wameshika jembe, na kwa LPL tofauti hiyo ni kubwa kuliko kwa enzaimu nyingi, kwa sababu mwili wenyewe unaitumia kama njia ya kuongoza. Chukua huo mfano wa kufunga kula: kwenye tishu ya mafuta inatengenezwa protini iitwayo ANGPTL4, inaifuata LPL na kuiharibu umbo, kazi inashuka haraka na kwa kiasi kikubwa wakati wingi wa protini unashuka kidogo tu au kwa kuchelewa. Mtu mwenye ELISA peke yake ataona karibu hakuna kitu, mtu aliyepima kazi ataona mabadiliko makubwa, na wote wawili wamepima sawasawa.

Kama swali lako ni "panya hawa wana uwezo gani wa kuvunja trigliseridi", unahitaji kipimo cha kazi. Kama ni "kuna protini kiasi gani na iko wapi", ELISA inatosha lakini kwenye tishu, au kwenye plazma baada ya heparini. Kizuri zaidi ni kuwa navyo vyote viwili, ukagawanya kazi kwa wingi, hapo utajua kama enzaimu imepungua idadi au imezimwa.

Sasa tuje kwenye 36 na 90, hapa napenda twende taratibu.

Kwa kanuni, ukizimua sampuli halafu ukazidisha kwa ulichozimua, jibu lisibadilike. Wewe ukizimua mara 2 mashine ilisoma 18, ukazidisha ukapata 36. Ukizimua mara 10 ilisoma 9, ukazidisha ukapata 90. Zote mbili, 18 na 9, ziko ndani ya kurva yako (mchoro wa standadi, yaani protini ya kiasi kinachojulikana, unaogeuza rangi kuwa namba), kwa hiyo huwezi kusema ulitoka nje ya kipimo, na hilo ndo linawadanganya watu, wanadhani ukishaingia ndani ya 0.78 mpaka 50 uko salama. Kuna uwezekano wa aina mbili unaotajwa sana. Wa kwanza ni wingi wa antijeni kupita kiasi, yaani LPL ni nyingi mpaka inajaza kingamwili za chini na za juu kila moja kivyake, sandwichi haijengeki, rangi inashuka badala ya kupanda. Kwako siamini kama ndo hilo, maana 90 haiko mbali na mwisho wa kurva yako, ile hali kwa kawaida inakuja pale wingi unapouzidi mwisho wa kurva mara nyingi sana. Wa pili, ambao ndo naushuku, ni kwamba seramu yenyewe inaingilia. LPL haikai peke yake kwenye damu, inapenda kung'ang'ania lipoproteini, na ikishang'ang'ania sehemu ambayo kingamwili inaitafuta inaweza kufunikwa. Ongeza mafuta mengi ya seramu, protini nyingi, na vitu vingine vinavyozuia kushikana vizuri, unapata namba ya chini kuliko ilivyo. Ukizimua, vizuizi navyo vinazimuliwa, LPL inaonekana.

Hapa kuna hatari ambayo naomba uisome mara mbili: kundi lako la mafuta mengi huenda lina seramu yenye mafuta zaidi kuliko kundi la kawaida. Maana yake kizuizi ni kikubwa zaidi upande mmoja. Kama kweli LPL yao ilikuwa juu, kizuizi kingeivuta chini, na makundi mawili yangeonekana yako sawa! Kwa hiyo hiyo "hakuna tofauti" yako ya kwenye mara 2 haina uzito kabisa mpaka hili litatuliwe. Siyo kwamba tofauti ipo, ila kwa data hii huwezi kujua.

Fanya hivi. Chukua sampuli tatu za kila kundi, na kwenye kundi la mafuta hakikisha mmoja wao ni ule wenye seramu nzito kuliko wote, ile inayoonekana ukungu kwa macho. Zizimue mara 2, 5, 10, 20, 40 na 80, zote kwenye pleti moja, kwa bafa ileile uliyotengenezea standadi. Halafu zidisha na uangalie jibu linatulia wapi. Tuseme ile sampuli yako inatoa 36, 74, 90, 92, 88, halafu kwenye mara 80 inaruka hadi 110. Hapo unaona wazi kwamba kuanzia mara 10 mpaka mara 40 jibu limetulia, tofauti ni ndogo, kwa hiyo utafanya kazi na mara 20 ambayo iko katikati na ina nafasi pande zote. Ile 110 usiiamini hata kidogo, maana pale mashine imesoma kama 1.4, iko chini kabisa ya kurva ambako kosa dogo la pipeti linazidishwa mara 80. Na kama kwenye kundi moja jibu linatulia mara 10 na kwenye kundi jingine linatulia mara 20, tumia mara 20 kwa wote. Usije ukazimua makundi mawili kwa viwango tofauti ukayalinganisha.

Kama hakuna mahali linapotulia, linapanda tu kila ukizimua, basi hiyo seti haifai kwa seramu ya panya wako na hakuna hesabu itakayoiokoa.

Ukishapata kiwango, thibitisha kwa kuongezea. Chukua sampuli iliyozimuliwa, iongezee kiasi kinachojulikana cha standadi, kwa ujazo mdogo ili usiizimue tena, na pembeni weka sampuli ileile iliyoongezewa bafa tupu kwa ujazo uleule. Kama bila kuongezewa inasoma 9 na umeongeza 10, unategemea 19. Ukipata 17.6 umerudisha 86 kwa mia, na kati ya 80 na 120 watu wengi wanakubali. Ukipata 13 maana yake 6 kati ya hizo 10 zimepotea machoni mwa kingamwili, rudi nyuma. Ila elewa kwamba standadi uliyoongeza mara nyingi ni protini iliyotengenezwa maabara, haijakaa na lipoproteini za mnyama, kwa hiyo kurudisha vizuri hakuondoi haja ya kuzimua. Fanya vyote.

Kinachofuata wengi hawakifanyi na mimi nakiona ndo cha maana kuliko vyote kwenye LPL, nacho ni kuilazimisha seti ionyeshe kitu ambacho biolojia imeshatuambia kitatokea. Panya wachache nje ya jaribio lako, kwa kibali cha kamati ya maadili ya wanyama, toa damu, choma heparini kwenye mshipa, toa damu tena baada ya kama dakika 10. LPL lazima ipande, na ipande sana. Seti isipoona kupanda huko haioni LPL ya panya, haijalishi kurva yake ni nzuri kiasi gani wala karatasi yake imeandikwa nini. Kurva inatengenezwa na standadi ya seti yenyewe, kwa hiyo uzuri wake unathibitisha kwamba seti inaielewa standadi yake tu.

Zingatia kitu kimoja hapo, damu iliyotolewa baada ya heparini haigandi. Huwezi kupata seramu. Kwa hiyo hata ile ya kabla ya heparini ichukue kama plazma ya EDTA (kizuia kuganda kinachowekwa kwenye tyubu), usilinganishe seramu na plazma. Na tyubu ziwe kwenye barafu muda wote, maana lipesi zilizomwagwa zinaendelea kuvunja trigliseridi ndani ya tyubu, ukija kupima trigliseridi baadaye utakuta zimeshuka na utadhani ni matokeo ya lishe.

Heparini inamwaga na lipesi ya ini pia, ambayo ni ndugu wa LPL kabisa kwa muundo. Kwa hiyo kupanda peke yake hakutoshi kusema kingamwili hazijachanganya ndugu hawa wawili. Saga kipande cha ini na kipande cha moyo. Ini la panya aliyekomaa halitengenezi LPL ya maana lakini lipesi ya ini limejaa nayo, moyo uko kinyume. Seti ikitoa namba kubwa kwenye ini kuliko kwenye moyo, shaka iko kwenye kingamwili. Ukiweza kupata kingamwili ya seti, au nyingine ya LPL ya panya, fanya westeni bloti, kipimo kinachotenganisha protini kwa ukubwa, utafute mstari kwenye kilodalton 55 hivi. Na kama unajiuliza kwa nini usitumie mnyama asiyekuwa na LPL kabisa kama sampuli ya sifuri, vipanya wadogo (mouse) waliozimwa jeni ya LPL wanakufa ndani ya siku moja hivi baada ya kuzaliwa, kwa hiyo siyo njia rahisi.

Cheki pia seti imeandikwa ya mnyama gani. Ya binadamu au ya vipanya wadogo usiitumie kwa panya wakubwa kwa kudhani zinafanana, protini zinafanana ndiyo ila kingamwili inashika kipande kidogo, na kipande hicho kikibadilika kidogo tu imekwisha.

Kuhusu uchukuaji wa sampuli nitapita haraka kwa sababu mengi unayajua. Seramu iache igande dakika 30, zungusha 1000 hadi 2000 g dakika 10 mpaka 15, gawa kwenye tyubu ndogondogo, nyuzi −80, usiyeyushe na kugandisha mara kwa mara. Sampuli nyekundu kwa sababu seli zimepasuka iandike, na kama ni nyekundu sana iache. Tyubu za plazma zenye heparini ziepuke, heparini inaishika LPL na inaweza kuvuruga kushikana kwa kingamwili, na hata pasingekuwa na mvurugo wowote msomaji wako atachanganya heparini ya tyubu na heparini ya mnyama. Kilicho kikubwa zaidi ya hayo yote ni saa na chakula. Panya wanakula usiku. Ukiwatoa damu kundi moja asubuhi na jingine mchana, au ukaondoa chakula kwa kundi moja masaa 4 na jingine masaa 12, umebadilisha LPL yao mwenyewe kabla hujaanza kupima chakula cha mafuta. Wapishanishe, mmoja wa kundi hili mmoja wa kundi lile, saa zilezile.

Kama ulihifadhi tishu, hapo kuna hazina zaidi kuliko kwenye seramu. Ila LPL kwenye tishu inang'ang'ania sukari ndefu za heparani salfeti, na bafa ya PBS tupu (maji ya chumvi) ambayo miongozo mingi ya seti inaitaja inaweza kuiacha nyingi kwenye mabaki unayotupa. Wanaopima LPL ya tishu wanasagia kwenye bafa yenye detajenti na heparini kidogo pamoja na vizuizi vya protiesi, enzaimu zinazokula protini. Detajenti laini kama Triton X-100 sawa, ila kemikali kali kama SDS nyingi au DTT hapana, zinaharibu kingamwili kwenye pleti, na bafa yoyote utakayosagia izimue pamoja na standadi ili zote ziwe kwenye mazingira mamoja. Kwa tishu ya mafuta, ukishazungusha utaona tabaka la mafuta juu, maji ya katikati, na mashapo chini. Unataka yale maji ya katikati. Toboa tabaka la juu na sindano upite, usimimine, maana mafuta yakija nayo yanavuruga ELISA na yanavuruga kipimo cha protini pia.

Halafu unagawanya kwa nini? Hapa ndo watu wawili wenye data moja wanaandika hitimisho mbili zinazopingana. Seli ya mafuta ya panya mnene imevimba kwa trigliseridi, kwa hiyo gramu moja ya tishu yake ina seli chache kuliko gramu moja ya mwembamba. Namba za mfano tu: wa kawaida ana 200 ng kwa gramu na pedi ya mafuta ya gramu 4, jumla 800. Wa mafuta mengi ana 130 kwa gramu na pedi ya gramu 9, jumla 1170. Kwa gramu LPL imeshuka, kwa pedi nzima imepanda. Na kwa miligramu ya protini unaweza kupata jibu la tatu. Mimi naona uzito wa pedi nzima upimwe siku hiyohiyo ya kuchinja na utoe jibu kwa gramu, kwa protini na kwa pedi, msomaji aone mwenyewe, badala ya kuchagua moja na kunyamaza.

Kwenye pleti yenyewe, usipange kundi moja kushoto na jingine kulia. Vishimo vya pembeni vinakauka na kupata joto tofauti na vya katikati, kwa hiyo changanya makundi. Kila pleti iwe na sampuli moja ya mchanganyiko ileile ili ujue pleti ya leo na ya kesho zinaongea lugha moja. Hakikisha bafa zako hazina sodiamu azidi, inaua peroksidesi, enzaimu inayotoa rangi kwenye ELISA, na utabaki unashangaa rangi imeenda wapi. Soma 450 nm mara tu baada ya kuweka asidi ya kusimamisha, ukitoa usomaji wa 540 au 570. Vishimo viwili vya sampuli moja vikisoma 0.812 na 0.846 uko vizuri, CV, yaani mtawanyiko ukilinganishwa na wastani, ni kama 3 kwa mia. Vikisoma 0.61 na 0.83 CV inazidi 20, hiyo rudia, usichukue wastani ukaendelea. Kurva tumia ile ya vigezo vinne, mstari wa rula hapana, halafu irudishie standadi zako ndani yake uone kama ile ya 12.5 inajisoma 12.5 au inajisoma 9. R² ya 0.99 inaweza kukaa vizuri kabisa huku standadi za chini zikijisoma nusu ya thamani yake.

Na kwenye takwimu, vishimo siyo wanyama. Panya 8 waliopimwa vishimo vitatu kila mmoja ni n ya 8, siyo 24, na kama wanakaa wanne kwa kizimba na wanakula chombo kimoja basi taja na kizimba kwenye hesabu.

Kipimo cha kazi ukiamua kukifanya, kanuni yake ni kuipa enzaimu trioleini, aina ya trigliseridi, iliyosambazwa vizuri kwenye maji, pamoja na apoC-II, protini msaidizi ambayo LPL haifanyi kazi vizuri bila hiyo na mara nyingi inatoka kwenye seramu iliyopashwa moto kuua lipesi zake, halafu unapima asidi za mafuta zinazotolewa kwa dakika. Kwenye plazma baada ya heparini pima mara mbili, bila chumvi na kwa NaCl ya mola 1. Chumvi hiyo inazima LPL na kuiacha lipesi ya ini, kwa hiyo tofauti ya vipimo viwili ndo LPL. Siku ukihamia kwa vipanya wadogo kumbuka kwamba wao lipesi yao ya ini kwa sehemu kubwa inaelea kwenye damu hata bila heparini, tofauti na panya wakubwa, kwa hiyo plazma yao ya kawaida itakuonyesha kazi ya lipesi ambayo LPL haihusiki nayo. LPL inakufa kazi haraka, tishu za kipimo hiki zigandishwe kwa naitrojeni ya kimiminika papo hapo na ziyeyushwe mara moja tu. Tishu iliyokaa mezani nusu saa inafaa bado kwa mambo mengine, kwa hili hapana.

Sasa kwa data uliyonayo mkononi. Ulichopima kiite "wingi wa LPL kwenye seramu bila heparini" kuanzia kichwa cha habari mpaka kwenye grafu, usiandike "LPL" tupu na usiandike "kazi ya LPL" popote. Hizo namba za mara 2 ziweke pembeni zote, za kundi zima. Seramu iliyobaki usiipime yote tena wiki hii, toa tyubu za wanyama sita kwa ajili ya kuzimua na kuongezea kama nilivyoeleza, zikikubali ndo uyeyushe nyingine kwa mkupuo mmoja na makundi yote kwenye pleti moja. Na kama kwenye friza kuna pedi za mafuta na mioyo ya panya haohao, anza kuzipanga sasa hivi, andika uzito wake na saa mnyama alipochinjwa, halafu nitumie hiyo orodha pamoja na usomaji wa mfululizo wa kuzimua, tutaangalia pamoja kama zinafaa kupimwa kazi au wingi peke yake.